Ziwa langu la kwanza lilibanduka

Ziwa Tanganyika la kwanza nililolichora lilidumu masika moja tu. Nililipaka juu ya gunia la unga wa msaada, yale ya nailoni iliyosukwa, kwa rangi ya mafuta iliyobaki baada ya watu kupaka milango ya zahanati. Bluu kali, isiyofanana na maji yoyote. Nikalitundika juu ya kitanda cha mama na wote tukalipenda. Mvua zilipokolea, ukuta wa udongo ukaanza kutoa unyevu na ziwa likaanza kumeguka. Asubuhi mama akikung'uta shuka, vipande vya bluu vinaruka kama magamba ya samaki. "Ziwa lako linanimwagikia," akaniambia. Kufika mwezi wa nne maandishi ya gunia yalikuwa yamerudi juu ya mawimbi: kilo 50, si ya kuuzwa.

Hapo ni Nyarugusu, wilaya ya Kasulu, mkoani Kigoma. Kambi ilifunguliwa Novemba 1996 kwa ajili yetu tuliovuka kutoka Kivu Kusini, Kongo, vita vya kumng'oa Mobutu vilipoanza. Niliingia humo na miaka 6, nikatoka na 27, kwa hiyo nikitaka kusema "nyumbani" inabidi kwanza nijiulize nasema wapi. Nilizaliwa Mboko, mwambao wa Fizi, ambako barabara ya kutoka Uvira kwenda Baraka inapita kati ya mlima na maji, na nyumba zimebanwa hapo hapo. Nyarugusu hakuna ziwa. Kuna udongo mwekundu, kuna miombo iliyozidi kuwa mbali kila mwaka kadiri tulivyoikata kuni, na tulikuwa Wakongomani kama 60,000 hivi tunaohadithiana habari za ziwa. Mikeke, wale samaki wa ziwani, ilikuwa minono kiasi gani. Karabai za wavuvi usiku zilikuwa nyingi kiasi gani. Watoto waliozaliwa kambini walilijua ziwa kama wanavyomjua babu aliyekufa kabla hawajazaliwa.

Aliyenifundisha kuishikisha rangi alikuwa mzee mmoja Mfuliru, fundi wa mabango. Saluni, makanisa, duka la simu, vyote yeye. Aliangalia gunia langu akacheka hadi akaketi. "Wewe unaandika juu ya kambale!" Akanieleza kwamba nailoni haishiki kitu, rangi inakaa juu tu ikingoja sababu ya kuondoka. Kanunue marekani, akasema. Ile pamba isiyotiwa rangi ambayo watu hushonea mito. Unaivuta kwenye fremu, unaipaka gundi ya mbao iliyozimuliwa kwa maji, inakauka. Unapiga rangi ya maji nyeupe mara mbili, unapitisha msasa laini, ndipo unaanza kazi. Kitambaa kikigongwa kwa kidole kinatakiwa kilie kama ngoma.

Basi kambi nzima ilikuwa inasubiri Marekani, na mimi nikawa nanunua marekani kwa mita.

Niliwahi kujifanya mjanja pia. Pesa ya rangi ilipokosekana nikachekecha udongo wa Kasulu, nikaukoroga na mawese, nikaamini nimevumbua rangi ya mafuta ya Kifizi. Nikamchora bibi. Wekundu wake ulikuwa mzuri mno, sijaupata tena. Wiki ya tatu bibi bado alikuwa mbichi, na sisimizi walikuwa wamejipanga kutoka sikio hadi kidevu wakimla taratibu. Fundi wangu safari hii hakucheka. Mafuta ya kuchorea ni yale yanayokauka yenyewe yakipigwa na hewa, kama ya kitani, alisema. Mawese hayakauki. Mawese ni ya kula. Bibi akasafishwa kwa sabuni, na marekani ile ikawa tambara la jikoni.

Hayo ni ya ufundi, na ufundi mtu hujifunza kwa hasara. Kilichonichukua miaka zaidi ni kujua nichore nini.

Nilikuwa na miaka kama 10 shirika moja lilipokuja kutukusanya kwenye darasa la turubai, wakamgawia kila mtoto karatasi na penseli za rangi chache. Wakatuambia tuchore tulichokiona. Nikachora jogoo wa bibi. Alikuwa jogoo mkali, alimfukuza hata mchungaji. Jirani yangu akachora helikopta inayomwaga mabomu na watu waliokatika vipande, akasugua wekundu mpaka penseli ikavunjika. Yule mama wa shirika alinipita na jogoo wangu, akachuchumaa kwa jirani, akamshika bega, akampiga picha. Siku ya kuondoka jirani akapewa boksi zima la rangi 12. Waliporudi, darasa zima lilikuwa na helikopta.

Mimi helikopta ya vita sijawahi kuiona maishani. Lakini niliichora vizuri kuliko wote. Nilijifunza kuchora AK-47, na ile magazini yake iliyopinda kama ndizi, kabla sijaweza kuchora mkono wa mtu, na mpaka leo mikono inanipa taabu ilhali bunduki naichora nikiwaza mengine. Sidhani wale watu walikuwa na nia mbaya. Na wapo watoto waliokuwa wameyaona kweli, pengine hata jirani yangu. Ninachosema ni kwamba mtoto ni mfanyabiashara mzuri, anajua haraka sokoni kunatakiwa nini. Kwa miaka mingi baadaye nilichora vita ya kuuza. Wageni walinunua moja moja, mama hakuziangalia hata siku moja. Nilidhani zinamuumiza. Baadaye nikajua zilikuwa zinamchosha.

Mwaka 2015 wakaja Warundi. Vurugu za muhula wa tatu wa rais wao Nkurunziza zilipoanza mwezi wa nne, maelfu waliteremka Kagunga, kijiji cha ufukweni kilichobanwa na mlima, gari halifiki. Kipindupindu kikawapiga pale pale mchangani. Wakawa wanabebwa na Liemba, ile meli iliyojengwa Ujerumani mwaka 1913, ikazamishwa 1916, ikaibuliwa 1924, na bado ilikuwa na kazi ya kufanya. Kutoka Kigoma mjini waliletwa kwetu kwa mabasi. Kambi ikavuka watu 150,000. Walilala makanisani, madarasani, kwenye mahema marefu ambamo familia ziligawanywa kwa kanga. Na nisifiche: sisi wenyeji wa ukimbizi tulinung'unika. Foleni ya maji ilikuwa ndefu hata kabla yao.

Nilikwenda huko na daftari langu kuwachora. Nikiangalia nyuma naona nilikwenda kuwafanyia kile kile tulichofanyiwa sisi. Nikamkalia mbele mama mmoja wa makamo kutoka Makamba, akavuta kitenge akafunika uso.

"Mwanangu, usinichore mimi. Kama unajua kuchora kweli, nichoree maharage yangu."

Alikuwa ameondoka maharage yakianza kukauka, wiki mbili tatu kabla ya kuvuna. Nikamchorea shamba la maharage. Akaangalia, akacheka na kilemba kikamtoka. "Haya yako yanatambaa kama mgonjwa. Ya kwangu yanapanda." Kumbe kwao maharage yanapandishwa juu ya vijiti virefu kuliko mtu. Nikachora upya, akasema vijiti vimekaribiana mno, mtu atapitaje katikati? Nikachora tena. Mara ya tatu ilikuwa majani, mara ya nne mteremko wa shamba, kwa sababu kumbe lilikuwa kilimani nami nililiweka tambarare kama kiwanja cha mpira. Alikuwa anapima kwa kidole hewani: kutoka hapa, mpaka pale. Mara ya tano akasema, "Ndiyo." Halafu, bila mimi kumuuliza, akaniambia vijiti vile alivikata mumewe, na akaniambia mumewe yuko wapi.

Ile karatasi aliichukua. Nilipopita siku nyingine niliikuta imebandikwa kwa uji kwenye nguzo ya hema.

Tangu siku hiyo ninakosea makusudi. Ukimuuliza mtu aliyekimbia "ilikuwaje?" atakupa maneno mawili makubwa, vita na mateso, atanyamaza. Mwonyeshe mchoro uliokosewa na hawezi kuvumilia. Hapana, paa halikuwa hivyo. Hapana, kinu kilikaa upande huu. Nikachora zizi bila mlango, mzee mmoja Mbembe akanyang'anya kalamu mkononi mwangu kwa hasira. Jioni hiyo nilijua majina ya mbuzi wake wote.

Kitu kimoja tu hakikuruhusiwa kukosewa, nacho ni kesi.

Aliyewahi kuishi kambini anajua salamu ile: "Kesi yako imefika wapi?" Maana yake uko hatua gani kwenye safari ya kuhamishiwa nchi ya tatu. Jina linatoka ubaoni, unaitwa intavyu, unasubiri miezi, unaitwa tena na mtu mwingine, unasimulia upya. Kila mmoja chumba chake. Ilivumishwa kwamba dada akisema kwenye boti mlikuwa 14 na kaka akasema 15, kesi inalala, na kesi ikilala haiamki. Sijui kama ilikuwa hivyo kweli, lakini hakuna aliyetaka kuwa wa kupima. Basi usiku, taa imezimwa kuokoa mafuta, mama anatuhoji. Tulitoka saa ngapi? Mlango uliangalia wapi? Boti ilikuwa ya nani? Tulikariri vita yetu kama watoto wanavyokariri tebo za kuzidisha, na aliyekosea alianza upya.

Hakuna tulichodanganya. Kila neno lilikuwa la kweli. Ila likishasemwa mara kumi kwa namna moja linakuwa gumu kama ugali wa jana.

Tulisafiri 2017. Tuko Louisville, jimbo la Kentucky, na Wakongomani hapa si haba. Unaweza kununua sombe, yaani kisamvu, iliyogandishwa na kugombana na mtu kwa Kibembe siku hiyo hiyo. Nafanya kazi usiku kwenye ghala la mizigo, nachora asubuhi sebuleni kabla usingizi haujanizidi. Rangi sasa nanunua za kweli. Marekani pia ipo, wana jina lao wanaloiita, na muuzaji alikataa kabisa kuamini kwamba kwetu kitambaa hiki kina jina la nchi yake. Nikamweleza kwamba karne ya 19 kilikuwa kinatoka viwanda vya huku Massachusetts, kinapakiwa na wafanyabiashara wa Salem mpaka Unguja, kinaingia bara hadi Ujiji kwa mabega ya wapagazi. Akanipunguzia dola moja.

Maktaba ya hapa ndiyo iliyonikutanisha na Tshibumba Kanda Matulu wa Lubumbashi. Miaka ya 1973 na 1974 alichora historia nzima ya nchi yetu, picha zaidi ya 100, juu ya magunia ya unga. Magunia ya pamba, naomba nisisitize, ndiyo maana yake yapo na langu halipo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akapotea, hakuna aliyemwona tena. Nilikaa muda mrefu na picha zile za wafungwa waliovaa mistari ya manjano na nyeusi, mmoja kalazwa chini anachapwa, bwana mkubwa wa Kibelgiji anaangalia. Wachoraji wengi wa Katanga wameichora picha hiyo hiyo, na watu wakaitundika sebuleni, juu ya kochi, pale ambapo wengine wangeweka maua. Walikuwa na neno la kawaida kabisa kwa picha ya namna hiyo: ukumbusho. Nimelitumia neno hilo maisha yangu yote kwa harusi na matanga. Sikujua kwamba nilikuwa nalifanyia kazi.

Nikaamua kuchora nyumba ya Mboko. Mita mbili kwa moja na nusu, nyumba, uwanja, usiku ule wa kutoka. Mimi mwenyewe nakumbuka vitu vitatu: giza la kitenge nilichofunikwa, mlio wa kopo likikomba maji ndani ya boti, na dumu la njano miguuni pangu. Mengine yote ni ya kuazima. Nikapiga mchoro wa mkaa, nikautuma kwenye kundi la familia la WhatsApp, ambamo wamo walio Mboko, Nyarugusu, Louisville na dada yangu mkubwa aliye Norway. Nikauweka mlango wa nyumba barabarani.

Mama, aliyekuwa chumba cha pili, alitoka na simu mkononi. "Nani kakwambia? Mlango uliangalia ziwa."

Mjomba, kaka yake, akajibu kwa sauti kutoka Mboko, kuku wakisikika nyuma yake: "Mulango iliangalia barabara. Ile nyumba nilijenga na mikono yangu, mimi na baba yenu. Dada yangu amesahau."

Ukisema mbele ya mama kwamba amesahau umeanzisha kitu. Wiki sita. Dada wa Norway akaingilia kwamba pale uwanjani hapakuwa na mwembe, palikuwa na mchikichi, na anajua kwa sababu aliangukiwa na kole la ngazi, lile shada la chikichi. Binamu akaleta paa la nyasi ilhali wengine walikuwa wamekubaliana juu ya bati. Mjomba akatuma picha ya kiwanja kilivyo sasa: kuna nyumba ya watu wengine, bati jipya linalong'aa, na watoto wao wamesimama mlangoni wamejipanga kwa heshima, hawajui wanapigwa picha ya nini.

Halafu lile dumu. Mama alilitazama kwenye mchoro akasema bila ukali wowote, "Hilo hatukuwa nalo. Madumu ya njano tuliyakuta kambini. Kwenye boti nilibeba ndoo ya bati." Nikabisha. Dumu nalikumbuka! Nalikumbuka na mfuniko wake. Akaniangalia kwa huruma. Kwa hiyo katika vitu vyangu vitatu kimoja nilikiokota Nyarugusu, labda kwenye foleni ya maji, nikakirudisha nyuma mpaka ndani ya boti. Siku hiyo sikuchora. Nililala, na usingizi haukuja.

Kuhusu mlango mama hakulegea. Usiku mmoja tuko jikoni, anachambua samaki, nikamwambia kwa utani, "Mama, mwachie mjomba mlango wake, ni fundi aliyeujenga." Akaacha kisu.

"Nikisema barabara sasa hivi, si itakuwa nilidanganya?"

"Ulimdanganya nani?"

"Kwenye intavyu nilisema ziwa. Iliandikwa."

Tulikuwa na mwaka wa nne Marekani. Nikamwambia hakuna atakayemuuliza tena habari za mlango. "Wewe unajua?" akasema. Na kweli nilikuwa sijui, kwa sababu mbele yetu kulikuwa na intavyu nyingine, ya uraia, na faili ni lile lile. Mama yangu alikuwa anautetea mlango ule dhidi ya kaka yake wa damu kwa ajili ya karatasi iliyoko kwenye kabati la ofisi asiyoijua iko mji gani. Mimi nilidhani tunabishana kuhusu nyumba.

Nikaacha kumsukuma. Kwenye turubai nikaupaka mlango wa barabarani rangi ya ukuta, nikachora mwingine upande wa ziwa. Lakini nilipaka kwa haraka, rangi ilikuwa nyepesi, na mlango wa mjomba ukawa unaonekana kwa chini kama mtu aliyesimama nyuma ya pazia. Sikuufuta, sikuukoleza.

Mama alikula kiapo cha uraia mwishoni mwa 2022. Kibendera kidogo mkononi, kitenge kipya, kiatu kinambana. Tuko barabara kuu tunarudi, kimya, mimi naendesha, akasema akiangalia mbele:

"Mlango wa mbele uliangalia barabara. Wa jikoni ndio uliangalia ziwa. Sisi tulitokea jikoni."

Nikapitiliza njia ya kutokea, tukaenda maili nne zaidi kabla ya kupata pa kugeuzia. Hakusema kingine. Tulipofika alikwenda moja kwa moja sebuleni na kiatu chake kinachobana, akasimama mbele ya picha, akaweka kidole pale ambapo mlango wa mjomba ulikuwa unachungulia. Nikamuuliza kama niukoleze. "Uache hivyo hivyo," akasema. "Ule hatukuutumia."

Picha ilionyeshwa kwenye ukumbi wa kanisa, na nyingine saba. Mgeni mmoja, mtu mpole, aliniuliza askari wako wapi. Nikamwambia sikuwaona, nilikuwa nimefunikwa kitenge. Hakuridhika, na sikumlaumu. Wakongomani walikuja wengi wakaangalia vingine kabisa. Mzee mmoja aliyekuwa mvuvi wa Ubwari, rasi ya ziwani kwetu, alisimama mbele ya ile ya boti mpaka watu wakaanza kukunja viti. "Hii itazama," akatamka. "Umepakia watu 30 na hukuweka mataruma. Mbao zitafunguka kabla hamjafika katikati." Akaniomba kalamu. Nikampa kalamu ya mkaa na akayachora mwenyewe mataruma, zile mbavu za boti, moja moja, juu ya kazi iliyokwisha kuwekewa bei. Mtu aliyekuwa ameitaka ile picha aliiacha. Ipo kwangu, na boti inaelea.

Limebaki jambo la mjomba.

Sisi tulipovuka 1996 yeye alibaki. Mwisho wa Desemba 1998, katika vita ya pili, alikuwa Makobola kwa wakwe zake, kusherehekea mwaka mpya. Kati ya tarehe 30 Desemba na 2 Januari 1999 waasi wa RCD na askari waliokuwa pamoja nao waliua watu Makobola na vijiji vya jirani. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2010, ile iliyoorodhesha matukio 617 ya kati ya 1993 na 2003, inasema walikuwa zaidi ya 800. Mjomba alifika Nyarugusu mwezi wa pili, peke yake. Alikuwa amekwenda Makobola na mke na watoto watatu. Mwaka 2007 aliandikisha kurudi, akapanda MV Mwongozo pale Kigoma akashukia Baraka, na tangu hapo yuko Mboko, anavua, anajenga nyumba za watu.

Nimejaribu kwake ule ujanja wangu. Mwaka jana nilimtumia mchoro wa njia ya kuingia Makobola wenye kosa la wazi, daraja nimeliweka mahali ambapo hata mimi najua hapana maji. Tiki mbili zikawa bluu. Ameona. Nikangoja siku hiyo na iliyofuata. Mtu huyu aliyebishana wiki sita kuhusu mlango hakusahihisha kitu. Jumapili akapiga simu kama kawaida, akaniuliza baridi ya huku, akaniagiza nimsalimie mama.

Marekani ya picha hiyo nimeshaivuta kwenye fremu. Gundi imekauka, nyeupe mara mbili, msasa nimepitisha. Ukiigonga inalia. Imeegemea ukutani nyuma ya kochi, na mama hupitisha ufagio kando yake bila kuuliza ya nini. Mjomba akipiga tunaanzia bei ya mikeke, tunaingia kwenye nyavu alizonunua Baraka, ambazo ni mbovu, halafu anasema chaji inaisha.